Sura ya Maman kwenye Kila Simu

Kasha, Bukavu, tarehe 2 Septemba 2025

Guy mtoto wangu,

Pokea salamu za nyumbani, za kwangu na za dada yako Mireille. Mimi niko salama, tension ya damu imeshuka, daktari ameniruhusu kuonja chumvi kidogo kama watu wengine. Mireille naye mzima, kazi ya ofisi inamchosha lakini mdomo wake hauchoki. Na wewe je? Unakula? Kile kikohozi kimeisha?

Nakuandikia kwa simu aliyoniachia Mireille. Jumamosi alinionyesha mchezo wako wa kompyuta. Nilidhani ni picha za zamani, kumbe ni wewe mwenyewe unacheza huko Kampala saa ile ile, na watu wa kila nchi wanakutazama. Sikuelewa kitu. Watu watano wanafukuzana na watu watano porini, mtangazaji anapayuka kwa Kiingereza. Mireille akasema wewe ni yule mwenye koti la buluu, jina lililoandikwa juu ya kichwa chake ni Mwana-Kasha. Hapo nilikaa vizuri kwenye kiti. Ulipoangushwa nilipiga ukelele mpaka jirani akaja mbio. Kumbe mnalala kidogo halafu mnaamka. Wangeniambia mapema.

Ulipoacha masomo ya sheria kwa ajili ya mchezo huu tulisema mengi, wewe na mimi, na siyarudii leo. Nauliza kitu kimoja tu: utakuja lini? Hii itakuwa Noeli ya tatu bila wewe. Nataka kukuona wewe, si koti la buluu.

Maman yako

*

Kampala, tarehe 9 Septemba 2025

Maman mpendwa,

Nakusalimu kwa heshima zote na kwa hamu ya sombe yako ya majani ya muhogo. Kikohozi kimekwisha. Nakula, ingawa hapa ndizi za matoke ndiyo bugali yao na tumbo langu bado halijakubali. Msalimie Mireille, mwambie apumzishe mdomo.

Nimesoma habari ya ukelele wako mara nyingi, nimecheka peke yangu chumbani. Sikujua kama kuna siku utanitazama.

Kuja nitakuja, maman. Lakini niache nije na kitu mkononi. Fainali ni tarehe 18 Oktoba. Tukichukua kombe, nitapita Kasha nzima kwa miguu, na wale waliosema mtoto wa Maman Emérence anachezea maisha yake watatoka wenyewe kunisalimia. Nikija mikono mitupu watasema yale yale. Nivumilie kidogo tu.

Kinachonitisha ni tension yako. Ukiugua mniambie mara moja. Msiba wa Tonton Alphonse niliujua kwa kufungua simu na kukuta watu wa kwetu wote wameweka picha yake mahali pa sura zao, kama tunavyofanya mtu akifa. Nilijua kabla hamjanipigia, nikakaa chini pale pale barabarani. Sitaki kuupata msiba mwingine hivyo.

Mtoto wako,
Guy

*

Kasha, tarehe 7 Oktoba 2025

Guy wangu,

Hujambo huko? Sisi huku tunamshukuru Mungu, mvua imekuja na maharagwe yameshika. Sitakuficha: wiki iliyopita tension ilipanda tena, wakanilaza hospitalini. Nimerudi, nimeshafagia nyumba, usianze kuhangaika.

Nikupe habari za mchezo. Sikutazami peke yangu tena. Shirika letu lote, hizi familia jirani tunaosali pamoja, wanakuja kwetu kila Jumamosi mchana baada ya sala. Anayetuongoza ni Maman Constance, unamfahamu, yule asiyeweza kukaa bila kupanga watu. Ukianguka anatuanzishia Salamu Maria, na kabla hatujafika kwenye Amina umeshaamka. Yeye anaamini ni sala. Mimi namwachia. Papa Polycarpe, katekista, mara ya kwanza alisema ni mambo ya shetani. Sasa ndiye anayewahi kiti cha mbele, na amekasirika sana kwa nini yule mwenzako wa koti jekundu hakusubiri.

Kwa ajili ya fainali tumekuandalia kitu, wazo ni la Maman Constance. Sisemi. Siku hiyo utupe jicho pale pembeni watu wanapoandikia maneno, utaona mwenyewe kwamba maman yako yuko pamoja nawe.

Ushinde, upesi uje.

Maman yako

*

Ndani ya basi, Jumapili tarehe 19 Oktoba 2025

Maman,

Sijui mtu anaanzaje barua ya namna hii. Ulinifundisha kuuliza kwanza afya. Sasa nikuulize afya gani?

Natuma kwa namba yako kwa sababu maneno haya sina pengine pa kuyapeleka. Labda Mireille atayasoma.

Jana tulikuwa tunaongoza. Nikatupa jicho pembeni kama ulivyoniambia, nikaona sura yako. Ile picha ya arusi ya binamu Gisèle, umevaa kitenge cha kijani. Chini yake sura yako tena, na chini yake tena. Majina yalikuwa ya Maman Constance, ya Valérie, ya Papa Polycarpe, shirika zima, na kila jina lina sura yako. Walichoandika sikukisoma. Nilivua vile vya masikioni, nikasimama, nikatoka nje. Wenzangu waliniita, sikugeuka. Walimaliza wakiwa wanne, na nasikia tumeshindwa.

Nilipiga simu yako, ya Mireille, ya Maman Constance. Hakuna hata moja iliyoita. Nikarudi kutazama pale pembeni, nikakuta watu wa Kasha wote wamenyamaza. Basi nikaelewa kwamba mmeondoka kwenda kwenye kilio.

Kwa kuwa ndege hazitui tena uwanja wa Kavumu, nimechukua basi la Kigali, nitapitia Rusizi. Wakungoje, maman. Wasikuzike kabla sijafika.

Nilikudanganya kitu. Watu wa Kasha sikuwa na haja nao. Kombe lile nililitaka kwa ajili ya macho yako tu, ili siku moja useme, kumbe mtoto alikuwa anafanya kazi. Ningekuja mwaka jana na begi langu moja, ungenigombeza, ungenipa chakula, na ingetosha. Nimelijua hilo leo, ndani ya basi, nimekaa karibu na mtu anayekula mahindi na kunitazama ninavyolia.

Nilikupenda kila siku, hata siku ambazo sikuandika.

Guy wako

*

Kasha, Jumatatu tarehe 20 Oktoba 2025

Guy, papa wangu,

Niko mzima. Salamu zitafuata, kwanza hilo. Niko mzima, nimekaa jikoni, nimekula, ni mimi Maman Emérence ninayeandika kwa vidole vyangu mwenyewe.

Sasa salamu. Umelala wapi? Umekula?

Rezo ya simu ilikatika mji mzima Jumamosi tukiwa tunakutazama. Picha ilisimama wewe ukiwa bado na koti lako la buluu, hatukujua kitu. Imerudi asubuhi hii, na barua yako imeingia ya kwanza. Nimeisoma nimesimama, nikaisoma nimekaa, mwisho Mireille akaninyang'anya simu.

Tulitaka uone uso wangu. Maman Constance alisema, kila mmoja aweke sura ya Maman Guy, mtoto apate nguvu. Tukaona ni wazo zuri sana, tukasaidiana simu kwa simu. Mireille alikuwa kazini, angetuzuia. Nawe ulikuwa umeniandikia habari ya Tonton Alphonse. Niliisoma, nikalia, nikaisahau.

Hukudanganyika peke yako. Mireille aliziona zile picha njiani akitoka kazini, akafika hapa bila viatu. Nilimpokea mlangoni na sahani ya samaki sambaza mkononi, akakaa kwenye kizingiti na kunitukana kwa furaha. Jana asubuhi majirani wakaja na viti na kuni za kilio. Hata Papa Polycarpe, aliyeiweka sura yangu kwenye simu yake mwenyewe, alisikia kelele, akavaa koti lake jeusi, akaja. Akanikuta nafagia uwanja. Akasema, "Maman Guy, njo weye? Sasa nani alikufa?"

Nimecheka, Guy, lakini sasa nakuwaza wewe. Umeacha kombe kwa sababu yangu, na mimi nilikuwa hapa nakula sambaza. Sijui nilipe na nini. Ila nakuambia jambo: nimesoma ulichomwandikia marehemu, na yeye amekisikia. Kumbe mtoto alikuwa anafanya kazi. Nimesema. Umeshalipata ulilolitaka.

Usigeuze basi. Kama umefika Kigali, endelea. Viti bado viko uwanjani, nimewakataza wasivirudishe.

Maman yako, mzima

*

Mpakani Rusizi, siku hiyo hiyo

Maman,

Nimeisoma barua yako kwenye foleni. Nilipiga ukelele kama wako, watu wakageuka. Mwanamke mmoja akaniuliza, "Ulifiwa na nani?" Nikamwambia, "Hakuna. Hakuna mutu alikufa." Ametoka hapa akiniombea.

Sina kombe, sina zawadi, hata nguo ya kubadili sina. Naliona ziwa kutoka hapa. Weka maji ya kuoga motoni, nakuja.

Guy

*

Kasha, tarehe 13 Novemba 2025

Guy mtoto wangu,

Ulifika salama? Najua ulifika, uliniambia kwa simu, lakini barua bila kuuliza si barua. Mimi tension iko chini. Daktari ameuliza ninakunywa dawa gani mpya. Nikamwambia mtoto wangu alilala kwangu siku kadhaa, akamaliza sombe yote.

Nimefurahi wenzako wamekurudishia kiti chako. Nilimwombea hata yule wa koti jekundu. Watu wa Kasha bado wananisimamisha njiani kunigusa mkono. Maman Constance ameona haya wiki nzima, sasa amepona, ameanza kupanga mambo ya Noeli kwa sababu umesema utakuja. Kombe au bila kombe, ulisema, na nilikusikia.

Jumamosi tutakuwa wote hapa. Nimepita simu kwa simu pamoja na Mireille, kila mtu amerudisha sura yake. Ya kwangu nimeweka ile uliyonipiga jikoni, kitambaa kimeanguka, mdomo wazi, nacheka mpaka meno ya nyuma yanaonekana. Mireille anasema ni mbaya. Ndiyo maana nimeichagua, hakuna anayemwekea marehemu picha kama hiyo.

Ukiiona pale pembeni, moja tu, ujue ni mimi, niko kwenye kiti changu, nakutazama. Usisimame. Cheza.

Maman yako