Mikanda ya Dada Mektrida

Jumanne, 8 Julai 2025

Faraja kapiga tena – yule binti wa Dar anayekusanya filamu za zamani kabla hazijapotea. Anasema filamu yetu, "Mfereji wa Juu", haina nakala nyingine popote. Ni ile mikanda sita tu, iliyoko mlimani Kilema kwa dada yangu Mektrida. Niliipeleka mwenyewe mwaka 1989, mwongozaji wetu alipofariki.

Filamu moja! Mhusika mkuu mimi. Baada ya hapo? Mlinzi wa getini. Mchungaji wa harusini. Maiti, mara nne. Maiti ya mwisho nililalamikiwa kwamba napumua sana. Wajukuu hawaamini kama niliwahi hata kuongea. Basi wataona.

Alhamisi, 10 Julai

Tumepanda Kilema, mimi na Faraja. Ukungu, baridi. Dada katupa mtori, halafu nikauliza mikanda iko wapi. Akaonyesha juu, anatabasamu. Darini, jikoni! Juu ya mafiga, katikati ya mahindi ya mbegu, ndani ya moshi. Miaka thelathini na sita.

Faraja kafungua kopo la kwanza. Harufu ya siki ikatutoa machozi. Dada akadhani ni mbege, pombe yake ya ndizi, imechacha, akaenda kukagua mitungi yake. Filamu imegandamana kama mche wa sabuni. Ya pili hivyo hivyo. Yote sita. Faraja akafunika polepole, akasema hakuna mashine ya kuifungua hii.

Nikamfokea dada. Bibi wa miaka sabini na sita! Akangoja nimalize.

"Valeriani, ulisema niitunze kama mbegu. Kwetu mbegu inawekwa wapi?"

Ni kweli nilisema. Nilikuwa najifanya mshairi. Na yeye kila mwaka, kabla ya masika, alikuwa anayashusha makopo, anayafuta masizi, anayarudisha. Nimeua filamu yangu kwa mdomo wangu.

Jumamosi, 12 Julai

Faraja kaja hapa kwangu Majengo na kamera. Anasema kilichobaki ni mimi, wenzangu wote wamekufa. Nisimulie filamu nzima, tukio kwa tukio, na maneno yake, ihifadhiwe hivyo. Nikavaa koti.

Nilianza vizuri. Tukio la tatu – kichwa kitupu. Kamera inaniangalia. Nikatunga. Faraja anaandika. Nikatunga tena.

Halafu tukafika tukio la mferejini. Hapo nakumbuka kila neno. Mwamvita, aliyeigiza mke wangu, anakwenda kwenye chanzo cha mfereji, mahali ambapo mwanamke alikatazwa kukanyaga. Anakaa ndani ya maji, anawaambia wazee: "Nisipokunywa mimi, hanywi mtu." Siku ya kwanza kuonyeshwa hapa mjini, ukumbi mzima ulisimama. Walisimama kwa ajili yake. Mimi kwenye tukio lile nimeshika jembe tu.

Leo nikasema ni mimi niliyekaa majini. Nikayasema yale maneno kama yangu. Sijui nilipatwa na nini!

Faraja akasema hicho ndicho atakachoweka mwanzo kabisa. Nikamshukuru. Aibu gani hii.

Jumapili, 13 Julai

Misa sikwenda. Mwamvita yuko kaburini tangu 2003, hawezi kubisha. Mara tatu nimeshika simu nimwambie Faraja ukweli. Nikikiri hilo, lazima nikiri na yale mengine niliyotunga – na hapo hakibaki kitu. Hata uongo hakuna.

Saa kumi kapiga yeye. Ana furaha! Kampata binti wa Mwamvita, anashona nguo Bomang'ombe. Hana hata picha moja ya mama yake akiigiza. Kaomba kesho, tukirekodi tena, aje akae pembeni, asikie mama alisema nini.

Nikasema karibu sana. Nikauliza saa ngapi. Saa nne.

Nimechukua karatasi nijiandae. Nimeandika "Mke:" na mbele yake, tangu saa kumi, sijaandika kitu.