Mwezi wa Kisigino

Dada Habiba, mpenzi wangu,

Binti yako Zaituni amekuja likizo hapa nyumbani karibu na Garsen, na amekuja na lile daftari. Nilidhani lilishaliwa na mchwa siku nyingi kule Hola. Kumbe ulilifunga ndani ya leso ukaliweka chini ya nguo zako, na mtoto amelipata wakati wa kugawa vitu vyako. Ni lile lile la miraba, lenye jedwali la kuzidisha mgongoni na doa la samli kwenye jalada. Doa ni langu, nakiri leo, ingawa wakati ule niliapa kwamba ni la paka.

Unakumbuka tulivyolianza? Mto ulikuwa umeingia kijijini, sisi tumehamia kwenye mahema kule juu kando ya barabara, shule imefungwa, na kila mtu mzima anauliza maji yatatoka lini. Wewe ulikuwa na miaka kumi na miwili, mimi tisa. Ukaniambia, "Hawa wanahesabu vibaya. Wanahesabu tarehe. Sisi tutahesabu maji." Hapo ikazaliwa nchi ya Sombarani, ambako mto hupanda asubuhi na kushuka jioni, mamba ni askari, viboko ni wazee wa baraza wanaosinzia, na mwezi hauna idadi ya siku. Huisha maji yakishaamua.

Majina ya miezi yalikuwa yako karibu yote. Mwezi wa Kunusa, maji yakiwa bado yanachungulia ukingoni. Mwezi wa Hodi, yakifika mlangoni. Mwezi wa Vitanda Juu, huo hauhitaji maelezo. Kisha Mwezi wa Aibu, yanaporudi kimyakimya bila kuaga, na Mwezi wa Tope, ambamo watu wa Sombarani walikatazwa kuoa, kusafiri na kucheka kwa sauti. Mimi nilichangia siku moja tu ya juma, Siku ya Kukataa Uji, nawe ukaipitisha bila ubishi kwa sababu hata wewe uji wa msaada ulikuwa umekuchosha.

Baada ya Tope ulikuja ule tulioupenda kuliko yote. Kila maji yakitoka tulimwona baba akishuka shambani, anakanyaga tope kwa kisigino na kuinama kutazama shimo. Likijaa maji, anarudi nyumbani. Likibaki wazi, anamwita mama naye akanyage chake, maana baba alijijua ana haraka. Mwaka mmoja aliamua peke yake na mbegu yote ya mpunga ikaoza. Mpaka wakubaliane wawili, hapandi mtu. Ukauita Mwezi wa Kisigino, na ukaandika sheria kwa wino mwekundu: Sombarani ina makarani wawili, na mwezi haufunguki bila saini zao zote mbili.

Hata tulipokuwa wasichana wa kujifunga leso, tuliendelea kwa siri. Kisha ikaja harusi yako. Asubuhi ile ulinijia nyuma ya nyumba, hina bado mbichi mikononi, daftari umelibana kwapani.

"Tope limekauka, mdogo wangu. Tia saini tufungue Kisigino, kabla sijaenda Hola. Mimi nitatia hina ikikauka."

"Nenda na mwezi wako," nikakujibu.

Nilikuwa na wivu, Dada. Niliona yule mwanamume wa Hola amenipora, na wewe umemsaidia kubeba. Ulisimama ukingoja, viganja juu kama mtu anayeomba dua, mpaka wakakuita ndani.

Tulicheka mengi baadaye. Nilikuja Hola ulipojifungua, nawe ulikuja huku kila Idi, lakini daftari hatukulitaja kamwe. Mimi nilingoja uulize. Halafu ukaugua, upesi mno, barabara ikiwa imekatwa na maji, na nilipofika ulikuwa umeshazikwa. Tangu siku hiyo kinachoniuma ni hicho kimoja, kwamba nilikuacha kwenye Mwezi wa Tope, ambamo watu hawacheki, kwa sababu ya kiburi changu.

Zaituni sasa ana miaka kumi na miwili, na ana mdomo wako. Jana alikaa kizingitini akasoma ukurasa baada ya ukurasa.

"Mama mdogo, hii kalenda mbona imekwama?"

Nikamjibu kwa ukali kwamba karani mmoja amekufa, sheria ni sheria, na arudishe daftari alikolitoa.

"Lakini mama alitia saini. Wewe ndiye hujatia."

Akafunua ukurasa ambao mimi sikuwahi kuufunua. Juu, Mwezi wa Kisigino. Saini yako, na kando yake alama ya kidole chenye hina, kwa hiyo ulitia siku ile ile. Nafasi yangu iko tupu. Chini yake, kwa kalamu mbalimbali, mwandiko wako. *Karani wa pili amenuna. Tumngoje.* Kisha: *Bado amenuna. Zaituni amezaliwa, wana pua moja.* Kisha: *Bado. Leo kanichekesha sana, sikutaka kumkumbusha.* Mstari wa mwisho herufi zimelegea, zinapanda na kushuka. *Akija, msimuulize alikuwa wapi.*

Nililia mbele ya mtoto, bila haya. Alinifuta uso kwa pindo la leso yako na hakuniuliza kitu.

Leo asubuhi tumeshuka shambani, mimi na yeye. Maji yalitoka wiki mbili zilizopita. Nimekanyaga, naye akakanyaga chake, kisigino kidogo kando ya changu, tukainama kungoja. Vishimo vyote viwili vimebaki wazi. Nikatia saini pale pale, daftari juu ya paja, tope likiwa bado miguuni. Zaituni anataka tuanze na mpunga, mimi nasema mahindi, na tumebishana njia nzima ya kurudi.

Mwezi umefunguka, Dada. Cheka kwa sauti.

Mdogo wako,
Karani wa Pili, aliyeacha kununa