Mama, Tui Limekubali

Mama,

Shikamoo. Ni mimi Mama Zai, mke wa Hamisi wako, tuliopika jiko moja hapa Mlandizi mpaka watu wasiotujua wakadhani umenizaa. Barua ya mtu aliyekwishazikwa sijui inapelekwa wapi. Lakini kuna mambo humu ndani siwezi kumwambia Hamisi, na wewe ndiye uliyezoea kunisikiliza nikibwata, kwa hiyo nivumilie.

Nianze na Baba mkwe, maana najua ndiye ungemuulizia kwanza. Baba hali. Tangu tulipokupeleka Kisarawe ukalale jirani na mama yako kama ulivyotaka, mzee wetu anamega ugali, anauzungusha mdomoni, anautoa. Kanzu inamning'inia. Kumbukumbu zilikuwa zimeanza kumtoka ukiwa hai, sasa ndiyo zimekwenda. Siku ya mazishi hakuiweza safari, tukamwacha na jirani, kwa hiyo kwake yeye wewe ulitoka asubuhi na hujarudi. Kila sahani ikiwekwa anauliza, Mama Hamisi yuko wapi? Hamisi akawa anamwambia ukweli. Baba, Mama amefariki. Jamani, Mama! Mzee analia kama ndiyo kwanza anasikia, kesho yake anauliza tena, anaambiwa tena, analia tena. Nikamwambia Hamisi, mume wangu, unamfanya mzee afiwe kila siku, basi, inatosha. Akasema kumdanganya baba yake hawezi. Tukanuniana.

Nikasema ngoja nimpikie mchicha wako wa nazi, ule ambao bakuli lake alikuwa analifuta kwa tonge la mwisho. Hapo ndipo nilipokukasirikia. Ndiyo, nimekukasirikia ukiwa kaburini, Mungu anisamehe. Miaka yote mchicha nachambua mimi, naosha mimi, nazi nakuna mimi juu ya mbuzi mpaka kiuno kinaniuma, tui nakamua mimi. Ikifika saa ya kumimina tui zito unanisukuma kwa nyonga: sogea huko, usiniharibie mboga ya mzee. Nilikuwa nacheka. Sasa nacheka na nani? Ungenifundisha basi!

Mara ya kwanza tui lilikatika. Maji chini, chengachenga nyeupe juu, mchicha umelala katikati kama nguo iliyosahaulika kwenye beseni. Baba alionja, akanitazama, akauliza nani kapika hii. Akanawa mikono. Mara ya pili nikapunguza moto, likakatika vilevile. Nikakaa chini palepale jikoni nikalia, wala si kwa sababu ya mboga.

Leo nikiwa nakuna nazi ndiyo nikakuona ulivyokuwa ukisimama pale. Unavuta kuni nje, unabakiza makaa. Unamimina tui zito, upawa unaanza kazi: unachota, unarudisha humohumo, unachota, unarudisha, sufuria haifunikwi. Na midomo inacheza. Ukiitwa huitiki. Nilikuwa nakuuliza kitu unaninyamazia, nanuna, najisemea mama mkwe ni mama mkwe tu. Kumbe ulikuwa unamswalia Mtume! Mkono ulikuwa unakwenda na uradi, na uradi usipoisha mkono hausimami. Mimi huku nakoroga huku napiga umbea na jirani dirishani, nikigeuka tui limeshaharibika. Sasa Mama, si ungesema?

Basi nikafanya hivyo. Nikamimina, nikaanza kumswalia Mtume kimyakimya. Simu ikalia, nikaiacha. Zai akaniita kutoka uani, sikuitika. Akaja mpaka mlangoni akasema, mama nawe umeanza mambo ya bibi. Nilitamani kumkumbatia, lakini mkono haukusimama. Tui likatulia. Zito, jeupe, limeushika mchicha vizuri, na mafuta kidogo tu yameanza kung'aa pembeni. Lilikubali, Mama. Nikakutafuta kwa macho nikuonyeshe.

Nikampelekea Baba kibarazani, na ugali wa moto. Akanusa kwanza. Akamega, akachovya, akatafuna. Akamega tena. Hamisi alikuwa amesimama mlangoni na helmeti mkononi, ndiyo anataka kurudi kijiweni kwake kwa bodaboda. Sote wawili tunamtazama mzee anavyomeza. Halafu akauliza lile swali lake. Mama Hamisi yuko wapi? Nikamwangalia Hamisi, Hamisi akaniangalia. Nikajibu mimi: yuko Kisarawe kwao, Baba. Hamisi akainamisha kichwa, hakunikosoa. Baba akasema, aa, kwao. Akaendelea kula.

Nikajua leo anamaliza. Bakuli lilipofika nusu akalisukuma. Nikashtuka, nikamwambia kula Baba, bado una njaa. Na njaa alikuwa nayo, Mama, macho hayatoki kwenye bakuli. Akakataa katakata. Akasema, hiyo iliyobaki mfunikie mwenzangu, Kisarawe ni mbali, atafika na njaa.

Hamisi akatoka nje. Nikamsikia anawasha pikipiki, anaizima, anaiwasha tena, wala haendi popote. Mimi nikalifunika bakuli kwa sahani palepale mbele ya Baba ili aone, nikaingia nalo jikoni. Sikujua nilifanye nini. Kumwaga siwezi. Kumrudishia hataki. Nikakaa kwenye kigoda chako nikaila, Mama, ile mboga yako uliyowekewa, nikaimaliza yote na machozi yananidondokea humohumo. Niwie radhi. Ilikuwa tamu.

Nilipotoka nikamkuta Hamisi amekaa chini miguuni kwa baba yake, anamkanda vidole. Nimemwona akinitazama, na kununa kumekwisha.

Sasa lala, Mama. Mwenyezi Mungu akupanulie kaburi lako na aliangaze, na kila nikimswalia Mtume juu ya sufuria nitakuombea na wewe. Kwa Baba usiwe na wasiwasi. Kesho atakuwa amesahau kama alikula, lakini kukubakizia wewe hatasahau, nimemwona, hilo limo ndani yake kabisa na mimi sitashindana nalo. Ila amekonda, na nusu bakuli haimtoshi. Kwa hiyo nakuahidi: kuanzia kesho naongeza fungu la mchicha na nazi nyingine, nampakulia kwenye lile bakuli kubwa la wageni, nalijaza mpaka juu, ili akishakuwekea nusu yako, nusu yake imshibishe.

Mkweo,
Mama Zai