Muziki wa Josho

Jumatatu, 4 Juni 1956
Filamu ya josho, ya kuogesha ng'ombe dawa ya kupe, imenirudia tena. Bwana Pikering hakupenda muziki wangu. Anataka ngoma! Ng'ombe akitembea, ngoma. Mama akikamua maziwa, ngoma. Mtu hajui hata kupiga mluzi, ila ndiye bwana sinema wa Jimbo. Miaka mitatu natunga mimi, na jina linalotajwa kwenye kipaza sauti ni lake.

Vinod wa duka la vitambaa kaniazima kinanda, kisha akanisimamia akikagua vidole vyangu. Ati nisikitie mafuta. Kinanda chenyewe kina funguo mbili bubu!

Alhamisi, 7 Juni
Nimemwambia Pikering wazi – jina langu litajwe au atafute mwingine. Akacheka. Akasema haya, litajwe; Kondoa ni kwenu, basi tutaanzia huko Jumamosi. Khamisi mtangazaji nimemkaririsha mara sita: "Muziki umetungwa na Hasani Isa." Sauti ya debe, lakini itafaa. Kanzu nimepiga pasi mwenyewe.

Jumamosi, 9 Juni. Kondoa
Tulianza baada ya isha, mji mzima mbele ya turubai. Khamisi kalitaja jina vizuri. Makofi! Nikasimama, nikainama kizungu. Mjinga mimi.

Ng'ombe wakaanza kuingia joshoni, na wimbo wangu ukaingia nao. Wanawake wakaupokea. Wote, na maneno yake! Pikering akanipiga begani – wameushika mara moja, ajabu!

Hawakuushika. Wanaujua tangu wakiwa wari. Ni wimbo wa Shangazi Mwamvua, dada wa baba. Kautunga mwenyewe, wa kumtoa bi harusi akishaogeshwa. Mimi niliuchukua, nikaufunika kwa kinanda na ngoma za yule Mzungu, nikasema washamba hawa watajua nini.

Ng'ombe wanatoka wakichuruzika dawa, wao wanaimba "toka mwari, umetakata". Kisha wakaona wanaimbia nini. Wimbo ukakatikia hapo. Bi harusi wa juzi alikuwa pale mbele, hina bado mbichi mikononi. Kaondoka akilia.

Jumapili, 10 Juni
Nimemwamkia Shangazi shikamoo. Hakuitikia.

Pikering naye kaja na mashine yake ya kurekodi. Hajaelewa kitu! Anataka wanawake waimbe tena, filamu iende nchi nzima, jina langu liandikwe kwenye turubai kwa herufi kubwa. Kamwuliza Shangazi, Khamisi akitafsiri, kama ni mimi niliyewafundisha wimbo ule.

"Mwulizeni mwenyewe," kasema. "Ana mdomo."

Nimesema nipeni karatasi, nitajibu kwa maandishi. Nimejifungia chumbani. Fomu ya filamu aliyonipa Pikering ina mstari mmoja tu wa kujaza: Mtungaji. Miaka yote nimemdharau yule Mzungu kwa kula jasho langu, na leo naona aibu hata kumtazama Khamisi. Shangazi yuko uani, nasikia anakohoa. Hajaondoka. Nimeona nianze kuujaza mstari huo, mkono utajua wenyewe. Umeandika Hasani. Khamisi anabisha hodi mara ya pili.