Maziwa Hayana Adabu

Jumanne, 4 Machi

Nimekubali. Mungu wangu, nimekubali!

Ilikuwa hivi. Mzee Verlyn amebeba maziwa ya mashamba ya bonde letu tangu mimi nina meno ya utoto. Leo asubuhi alikuja kwa dada Ardis kuvuta maziwa kwa pampu kama kawaida, nami nipo pale nimekwenda kuomba mayai. Akashuka kwenye lori kinyumenyume kama mtu anayeshuka darini. Magoti. Daktari atambadilishia la kulia baada ya Pasaka, na hana wa kumwachia usukani. Kiwanda cha jibini kimeshasema: asipopatikana dereva kabla ya Aprili, watafuata maziwa ya mashamba makubwa ya barabara kuu tu. Haya madogo ya huku kwenye changarawe, kwaherini. Na la Ardis ndilo dogo kuliko yote, tena mwisho wa njia.

Ardis alikuwa anammiminia Verlyn kahawa, akaendelea kumimina kikombe kikiwa kimeshajaa. Tangu shemeji Harlan afariki, wale ng'ombe ndio wanaomtoa kitandani.

Basi kinywa changu kikatangulia mbele ya kichwa, kama kawaida yake. Nikasema leseni kubwa ninayo, lori la mahindi naliendesha kila mavuno, hata kibali cha kupima maziwa na kuchukua sampuli nilikipata nikimsaidia Harlan. Kilichobaki ni kibali cha mizigo ya majimaji. Nitakipata. Nitaendesha mimi.

Verlyn alipuliza kahawa yake. Akasema mahindi hukaa pale yanapowekwa.

Nimemweleza Elroy wakati wa chakula. Amecheka mpaka akaweka uma chini. "Mke wangu, wewe bakuli la supu tu hufiki nalo mezani."

Kweli. Kitambaa cha meza ni shahidi.

Jumatano, 5 Machi

Nasoma kitabu cha madereva. Miwani imepotea, nimesoma kwa miwani ya Elroy, sasa naona herufi zote zimenenepa.

Nilichojifunza: tangi la mafuta lina kuta ndani zenye matundu, ili mzigo usikimbie huku na huko. Tangi la maziwa halina hata moja! Maziwa yakipata kona ya kujificha huchacha, kwa hiyo tangi lazima liwe laini kama chupa, lisafishike lote. Maana yake ukifunga breki, maziwa yote yanakimbilia mbele, yanagonga, yanarudi nyuma, yanakuja tena. Tangi likijaa si taabu kubwa. Likiwa nusu ndilo shetani.

Wahenga walisema debe tupu haliachi kuvuma. Hawakuwahi kuendesha debe nusu.

Ijumaa, 7 Machi

Chakula cha samaki cha kila Ijumaa, ukumbi wa kijiji umejaa, na kila mtu anajua habari zangu kuliko mimi. Mmoja kaniuliza kama nitaleta siagi, maana maziwa yatakuwa yameshasukwa njiani. Nimecheka. Mbona mzaha wenyewe ni mzuri.

Odell Zastrow, meneja wa kiwanda, alikuja na sahani yake akasimama pembeni. Mtu mpole, husema kama anaomba radhi. Akasema atafurahi sana niwe mimi, lakini lori lile na mashamba yale huachiwa mtu wa kuaminika tu, na yeye anayemwamini ni Verlyn. Verlyn akisema ndiyo, ni ndiyo. Akisema hapana, basi.

Tatizo ni kwamba Verlyn hajawahi kusema ndiyo kwa jambo lolote. Mkewe husimulia kwamba hata madhabahuni, mchungaji alipomuuliza kama anamkubali bibi harusi, alijibu: "Si mbaya."

Jumatatu, 10 Machi

NIMEPITA!

Nimeipata herufi yangu. Herufi moja tu kwenye leseni, N, ya mizigo ya majimaji, na mimi natembea kama nimepewa alfabeti nzima. Mtihani ulikuwa wa kompyuta. Kijana wa dirishani alisema nimekosa swali moja, akanionyesha: la nini cha kufanya baada ya kusimama. Jibu lilikuwa uendelee kukanyaga breki mpaka mzigo utulie. Mimi nilijibu sijui nini.

Kusimama! Nani hajui kusimama? Nimekuwa nikisimama maisha yangu yote.

Nimenunua pai ya cheri. Nimemaliza nusu kwenye maegesho.

Alhamisi, 13 Machi

Siku ya kwanza usukanini. Verlyn kwenye kiti cha abiria, themosi yake katikati ya mapaja, kofia ya kiwanda imeshuka mpaka nyusi. Kwenda tulikwenda na tangi tupu, lori jepesi kama mbuzi. Kurudi tumejaa — na kwa kweli nilijiona malkia. Gari zito, limetulia, linanyenyekea. Nilimpungia kila mtu. Huku kwetu kutompungia mtu barabarani ni sawa na kumtukana mama yake, basi nikapunga, nikapunga, hata sanduku la posta nadhani nililipungia.

Verlyn alisema mara mbili tu. Mara ya kwanza: punguza. Mara ya pili: punguza.

Nilipofika nyumbani niliimba jikoni. Mbwa akaomba kutoka nje.

Jumatano, 19 Machi

Sitaki kuandika. Naandika.

Leo maziwa yalikuwa machache, tangi nusu. Tukafika njia panda ya Kvamme, ile yenye alama ya kusimama pande zote nne. Nikasimama vizuri, mstarini kabisa. Upande wa pili, wakati uleule, akasimama Mama Mchungaji Corinne na gari lake la bluu.

Sasa, kila mtu wa hapa anajua kinachofuata. Wawili mkifika pamoja, hamwangalii sheria. Unampisha mwenzako. Yeye anakupisha wewe. Unainua mkono: wewe kwanza. Anainua: hapana, wewe. Watu wamezeeka pale Kvamme.

Basi nikainua mkono. Tabasamu kubwa. Wewe kwanza, Corinne!

Na hapo nikagundua jambo ambalo sikuwahi kulijua kwa miaka hamsini na kitu: mkono wangu ukipunga, mguu wangu huachia. Vimefungwa uzi mmoja. Breki ikalegea — na nyuma yangu maziwa yote ya bonde yakaja kwa pamoja. Puu! Lori likaruka mbele kama limepigwa teke na fahali. Corinne alikuwa ameamini mkono wangu, ameshaingia njia panda. Nilikanyaga breki kwa miguu yote miwili. Tulisimama karibu yake kiasi kwamba niliona hereni zake. Maziwa yakagonga tena. Na tena. Kila yakigonga namwona anafumba macho.

Hakuumia mtu. Hakukwaruzika kitu. Corinne akapita taratibu, na, Mungu ambariki, akanipungia.

Kahawa ya Verlyn ilikuwa mapajani mwake, si kwenye kikombe. Hakuifuta. Alingoja mpaka maziwa yalipotulia, halafu akasema, sauti yake ileile ya kila siku:

"Maziwa hayana adabu, Lorna. Hayajui kumpisha mtu."

Nikasema samahani. Akasema asiombwe yeye samahani. Adabu zote niziweke mguuni, mkono utafuata. Halafu akaangalia nje dirishani. "Ikitokea tena, nitamwambia Odell hapana. Na sitapenda kumwambia."

Nilimwona Ardis jioni. Alishasikia, maana hapa habari hukimbia kuliko maziwa. Alinikatia keki kipande kikubwa mno, kama cha mgonjwa.

Alhamisi, 20 Machi

Leo hakuna lori. Nimemwambia Elroy labda lile la bakuli la supu alisema kweli. Hakucheka. Afadhali angecheka.

Jumamosi, 22 Machi

Elroy ni kichaa, na ni wangu.

Asubuhi nimemkuta kwenye pikapu yetu, kiti cha abiria, amevaa koti la mvua, mapajani ameshika lile karai la kuchomea bata mzinga, limejaa maji nusu. Baridi ya kuganda. Akasema: "Twende Kvamme, bibi dereva."

Tukaenda. Nikafika mstarini, nikasimama, akapiga kelele "Corinne yule pale", nikainua mkono — na maji yote kifuani mwake. Akahema kama samaki. Akajaza tena kwa ndoo aliyoiweka nyuma. Tena. Mkono, mguu, maji. Tena. Nilicheka mpaka nikashindwa kuona barabara, na yeye meno yanagongana, anasema eti nisimwonee huruma, niyaonee maziwa huruma.

Watu walipita. Kila mmoja alisimama kutupisha. Tuliwaambia waende, wakasema la, ninyi kwanza, na mimi kila nikipunga, Elroy anaoga.

Kisha, sijui ni mara ya ngapi, mzee mmoja wa trekta alitokea, nikamwinulia vidole viwili tu, kiganja bado kiko kwenye usukani. Mguu haukusogea. Maji yakapanda ukingo wa karai, yakachungulia, yakarudi. Yakapanda. Yakarudi. Yakalala.

Tulikaa pale tunayaangalia kama mtoto aliyelala usingizi.

"Si mbaya," akasema Elroy.

Sasa yuko kitandani na mafua. Nampelekea supu. Kwa vijiko.

Jumatatu, 31 Machi

Naandika nikiwa ndani ya lori, uwanja wa kiwanda cha jibini. Sampuli imekubaliwa, maziwa yameshashushwa, sina la kufanya na mikono yangu. Leo ndiyo siku. Kesho Aprili. Verlyn ameingia ofisini kwa Odell kusema analokwenda kusema.

Niandike yote kwa utaratibu, nisije nikaruka kitu.

Kwa Ardis tulikuta sakafu ya chumba cha maziwa imesuguliwa mpaka inang'aa, na yeye kasimama mlangoni amevaa aproni ya Jumapili. Nilivuta maziwa, nikapima, nikachukua sampuli. Alipotuaga alinipa glavu za ngozi. Za Harlan. Alisema usukani ni baridi asubuhi. Basi, hivyo tu. Nimezivaa. Ni kubwa, vidole vinabaki tupu mwishoni. Sizivui.

Tangi lilikuwa nusu. Bila shaka lilikuwa nusu.

Kabla ya Kvamme, Verlyn akafungua themosi. Akamimina kahawa kwenye kikombe, akajaza mpaka ukingoni, akakiweka mbele juu ya dashibodi. Bila kifuniko. Hakusema neno. Nilitaka kumwambia kwamba hayo si mambo ya Kikristo.

Nikafika. Nikasimama mstarini. Na upande wa pili — nani? Gari la bluu! Nadhani Corinne anaishi pale njia panda.

Aliniona. Namwona ananikumbuka. Akainua mkono wake, polepole sana, kama mtu anayemwonyesha mbwa mkali kwamba hana fimbo. Wewe kwanza.

Vidole viwili, Lorna. Mguu chini.

Nikainua viwili. Vidole vitupu vya Harlan vikanyanyuka navyo. Maziwa yakaja — puu. Lori likatikisika, halikusogea. Corinne akapunga tena. Nami tena. Puu, sauti ndogo zaidi. Akapunga. Nikapunga. Ya tatu ilikuwa kama mtu anashusha pumzi. Alipokata tamaa na kwenda yeye, mgongo wangu ulikuwa umelowa, lakini mguu ulikuwa palepale nilipouacha.

Verlyn akanyoosha mkono, akachukua kikombe. Hakuna tone kwenye dashibodi. Akanywa. Akatazama nje dirishani mpaka tukafika hapa. Hata "punguza" hakusema!

Nimeyageuza maneno hayo ambayo hakuyasema kila upande. Ukimya wake unaweza kuwa ndiyo. Unaweza kuwa hapana. Unaweza kuwa goti.

Naona dirisha la ofisi vizuri. Verlyn amekaa, Odell amekaa. Odell anaongea, Verlyn anaangalia kofia yake. Sasa Verlyn anaongea. Maneno mengi! Sijawahi kumwona akifungua mdomo mara nyingi hivyo bila chakula. Odell anatikisa kichwa, juu chini au pande zote, kioo kina ukungu.

Verlyn amejigonga magoti kwa viganja vyote viwili — lile zima na lile bovu. Haya basi! Ndiyo kuaga huko. Lakini najua watu wa kwetu, kujigonga magoti hivyo ni mwanzo wa kuaga, si mwisho. Kweli: amesimama, na bado wanaongea. Wamefika nusu ya chumba, wanaongea. Odell amegeuka, amefungua kabati, amechukua kitu.

Wametokeza mlangoni.

Odell ameshika kofia ya kiwanda. Mpya, ukingo bado umenyooka kama ubao. Na yake iko kichwani. Na ya Verlyn iko kichwani.

Tulia, moyo. Inaweza kuwa ya mtu mwingine.

Mlango ni mwembamba. Verlyn ameonyesha kwa mkono: Odell, wewe kwanza. Odell amerudi hatua: la, mzee, wewe. Verlyn anatikisa kichwa. Odell anaushika mlango. Verlyn naye anaushika. Sasa wote wawili wameshika mlango mmoja na hakuna anayetoka, na mimi niko huku, injini imezimwa, tangi halina hata tone, na bado nimekanyaga breki mpaka mwisho.