Meka Yenye Tumbo

Jumanne, 3 Februari 2026

Nimebonyeza mguu wa mwanangu Umba kwa kidole gumba. Shimo likabaki. Nikabonyeza mguu wa pili – shimo. Kama kwenye bukari ya jana, ugali uliolala.

Kwenye santre ya afya, muganga Kabamba alimpima mkono kwa ule utepe wa rangi, halafu naye akabonyeza. Nikamwambia, lakini mtoto alikuwa ameanza kunenepa, mashavu yamejaa! Akatikisa kichwa.

"Ile haiko mafuta, mama. Iko maji. Anakulaka nini?"

Bukari. Na nini? Na sombe, majani ya muhogo. Na nini tena? Hapo nikamfunika Umba miguu. Amenipa pakiti za ile pasta ya karanga, za Umba peke yake, nisimgawie mwingine. Akasema pia mayai, maharagwe, samaki. Mayai! Kuku wetu wa mwisho tulimla Noeli.

Na Jumapili tu hapa, mbele ya kanisa, Mama Talitha mwenye duka la unga alimfinya shavu mbele ya watu: "Muangalie mwana wangu wa batisimu, anaanza kunona! Mungu iko mukubwa!" Maraine wake huyo. Ndiye aliyemshika alipomwagiwa maji ya ubatizo. Natamani nimfinye yeye shavu, kwa koleo.

Jumatano, 4 Februari

Naandika kwa sababu nikisema nitamng'ata mtu.

Mwezi wa tano tulivuna vizuri. Mume wangu Kisimba alikuwa anaondoka kwenda Kolwezi kuchimba, mkubwa wangu Gracia alikuwa amefukuzwa shuleni kwa ajili ya minervali, ada ya shule. Talitha akaja mwenyewe shambani na meka yake, lile bakuli la bati ambalo mtaa mzima unapimia. Akajaza mpaka mahindi yakasimama juu kama kilima, yakamwagika, akajaza tena. "Tupimiane ki-Mungu," alisema. Karibu mavuno yote yakaenda.

Sasa mahindi mapya bado ni majani tu, na mimi nanunua kwake mahindi yangu mwenyewe, yamekuwa unga. Meka moja zamani ilitutosha jioni na kesho yake. Siku hizi Gracia anakwangua chungu na bado ananitazama. Nilifikiri ni matumbo yetu yameingiwa na ulafi.

Jumamosi, 7 Februari

Nimeiba. Nimeiba, na sina haya!

Nilienda kununua unga. Talitha alikuwa amenishika mkono ananipa pole ya Umba, "nitamuombea rozari," halafu akaitwa mbele, dukani. Nikabaki uani peke yangu na kuku wake. Wanene, wale kuku. Wanakunywa maji kwenye meka kuukuu – nami nikaitambua. Ina msalaba wa rangi ya bluu ubavuni. Ndiyo ile ya shambani! Nikaigeuza. Kitako chake kimepigwa nyundo kwa ndani, kimetoka nje kama tumbo la mja mzito. Na ile ya dukani, anayouzia? Nikarudi nikachungulia: kitako kimepigwa kwa nje, kimeingia ndani.

Kubwa ya kununulia. Ndogo ya kuuzia. Msimu huu hii, msimu ule ile, na katikati kuku wanakunywa.

Nikamwaga maji, nikaifunga tumboni chini ya kitenge. Nikatoka na unga wangu nimepinda mgongo kama mwenye kuumwa. Mama Talitha akanipa pole tena!

Jumapili, 8 Februari

Nimemimina unga wa jana ndani ya meka yenye tumbo. Haukufika hata kwenye msalaba.

Gracia aliona. Akasema, mama, twende sasa hivi tumwambie kila mtu. Hapana. Sombe haipikwi haraka, inatwangwa kwanza. Nangoja Jumamosi, foleni ikiwa ndefu. Kanisani leo Talitha aliongoza wanawake wa matoleo, anacheza na kikapu kichwani, na mimi nikamtazama nyonga zile na kufikiria: cheza, mama, cheza.

Jumamosi, 14 Februari

Mungu anisamehe, au asinisamehe. Imekuwa tamu!

Foleni mpaka barabarani. Zamu yangu ikafika. Talitha akajaza meka yake, akapangusa juu kwa kiganja, akaniambia tega. Nikatoa meka yake nyingine chini ya kitenge. "Mwaga humu," nikamwambia kwa sauti. Aliuona msalaba wa bluu, uso ukawa kama jivu. Hakumwaga. Nikamshika mkono, nikamwaga mimi. Kisha nikapita na ile meka kwa kila mama kwenye foleni, kila mmoja akatia jicho ndani, aone unga ulipoishia.

Ngalula ndiye aliyepiga kelele wa kwanza. Jirani yangu, mke wa askari, hana hata shamba. "Eh! Kumbe ndiyo hii alinunua nayo mahindi ya batu! Na sisi anatuuzia na kale kadogo kama kakofia!" Wakaanza kupiga mabakuli yao. Talitha anasema bati inazeeka, inajikunja yenyewe. Wakacheka mpaka wengine wakakaa chini. Mtu akamrushia unga usoni. Nimecheka mpaka mbavu zikauma.

Jumatatu, 16 Februari

Duka limefungwa. Talitha amesema, kama Ngalula alivyonieleza: "Batu bakule ile meka ya Mama Gracia."

Afunge! Soko kubwa lipo.

Jumanne, 17 Februari

Soko kubwa wanataka pesa mkononi. Talitha alikuwa anatukopesha unga, tunalipa kwa mahindi yakiwa bado shambani. Huko hakuna anayenijua. Na magari yanayoleta mahindi kutoka Kabondo-Dianda yamekwama kwenye matope, kwa hiyo unga umepanda. Nimerudi na muhogo kidogo.

Jumatano, 18 Februari. Majivu

Padri amesema tufunge. Nyuma kanisani mtu alicheka, halafu watu wengi.

Talitha mbele, majivu kwenye paji la uso, amefumba macho. Nilitegemea watamtazama yeye. Walikuwa wananitazama mimi.

Njiani mmoja akaniambia bila salamu: "Meka kadogo ilikuwa meka. Sasa tuko na nini?" Jumamosi alikuwa wa kwanza kupiga bakuli, huyo huyo!

Alhamisi, 19 Februari

Nimemkuta Gracia nyuma ya choo analamba pakiti ya Umba. Tupu, ile ya kutupa. Alikuwa ameichana akaifungua yote ili alambe kwenye kona. Nikampiga. Kofi lilikuwa la Talitha, limeangukia kwa mwanangu. Hakulia. Alisema tu, "Nilimuachia yake yote, mama."

Jioni Ngalula amekuja na mwanawe Fils mgongoni. Sikumkaribisha kiti, alisema maneno mabaya juu yangu kisimani. Hakukitaka. Akamteremsha mtoto, akaunyoosha mguu wa Fils mbele yangu. "Tia kidole," akasema.

Nimetia. Shimo likabaki.

Nikamwambia kesho asubuhi na mapema ampeleke kwa muganga Kabamba. Akasema ataenda. Akasema pia: "Mama Gracia, umurudishie tu kintu yake, afungue duka." Namchukia Talitha leo kuliko siku zote. Ametuibia unga, sasa anatuibia na hasira yetu.

Ijumaa, 20 Februari

Wako mlangoni. Naandika nimekaa sakafuni, meka iko katikati ya magoti yangu.

Talitha amekuja mchana kweupe, na wanawake nyuma yake, wengi, nawaona kwenye ufa wa ubao. Ngalula yuko, amerudi kutoka santre na Fils. Kuna gunia la unga kwenye baiskeli. Amekuja na gunia, yule shetani, ili walinuse!

"Mama Gracia, nirudishie chombo yangu. Nafungua duka sasa hivi, hapa hapa. Watoto bakule."

Sauti ya maraine. Laini. Nikimrudishia, mwezi wa tano nitaiona tena shambani, msalaba wa bluu, kilima cha mahindi yangu juu yake. Nisiporudisha, wale wote watasema mimi ndiye niliyewanyima.

Nimempigia kelele bila kufungua: "Nitakurudishia! Lakini gunia lile utaliuza na hii. Hii yenye tumbo! Uliyonunulia mahindi yetu, ndiyo utatuuzia unga!"

Naona wanawake wamesogea karibu na gunia.

Nangoja aseme hapana. Naomba aseme hapana, ili wamgeukie, ili wamrarue kile kitenge chake cha kanisani.

Sasa nasikia Ngalula. Hasemi na mimi. "Jibu, Mama Talitha." Na mwingine: "Jibu." Fils analia. Talitha anakohoa.

Nimegeuka kumwangalia Gracia. Ameshaweka maji ya bukari motoni.