Robo Tatu ya Sentimita

Jumatano, Nyakabanda

Magauni yote sita ya harusi aliyoshona shangazi yanabana kifuani, na sherehe ni Jumamosi.

Kosa ni langu. Ukurasa wa mtandao niliomtengenezea kwa ajili ya hesabu za kushona hugawa kipimo cha kifua kwa nne, maana gauni lina vipande vinne. Sentimita tisini na tano, kwa mfano, zikatoa 23.75. Sikupenda zile nukta kwenye simu yake, nikaweka Math.floor, ambayo hutupa kila kinachofuata nukta. Robo tatu ya sentimita, mara nne. Gauni hilo limepungua sentimita tatu.

Nilidhani atafoka. Akapitisha tu kidole kwenye mshono.

"Fundi anaongeza, mwanangu. Kubwa iko na dawa, unapunguza. Ndogo utafanya nini?"

Nimebadilisha neno moja, floor ikawa ceil, sasa inapandisha hadi namba kamili inayofuata. Sekunde kumi. Sikuona aibu wala nafuu. Sikuona kitu.

Kitambaa cha magauni yale kimekwisha dukani.

Nilipomuaga alikuwa anakunja tepu yake ya kupimia mara mbili kupata robo, kama alivyofanya miaka yote kabla sijamwambia kazi hiyo aniachie mimi.